Oili Niliyomuuzia Mzee Manu

Dukani, mtaa wa Gerezani, Dar
Alasiri

Rukia mwanangu,

Nyumbani leo hakuna pa kukaa. Shangazi zako wametandaza nguo zako kitanda kizima, kila mmoja na namna yake ya kuzikunja, nami nimewaachia. Niliaga kwamba nakuja kufunga duka, nikafika, nikalifungua. Nimekaa kwenye kiti cha baba yako na daftari hili, na wateja wa kunisumbua hawapo.

Mambo ya kuchemsha maji, kufunga mlango mapema, kutomwazima mtu chandarua chako, hayo umeshaambiwa na wanaojua kusema kuliko mimi. Sitayarudia. Juzi tukiwa tunangoja wali ukauke uliniuliza, "Mama, wewe huna neno la kunipa?" Nikakujibu ule vizuri huko Songea. Ulicheka, ukaona mama yako kaishiwa. Neno nilikuwa nalo. Lilinikaa kooni tangu siku ile ulipopata barua ya kazi na ukaniambia utakuwa unasimama dirishani kutoa dawa, mtu akiuliza unamjibu. Mimi nimeifanya kazi hiyo tangu baba yako afe. Ya kwangu ni oili za magari, lakini kuulizwa ni kule kule na kujibu ni kule kule. Kuna mtu mmoja nilimjibu vibaya, na mtu huyo unamjua. Ni Mzee Manu.

Baba yako alifariki wewe ukiwa darasa la pili. Duka hili alilianza siku ambazo oili ilikuwa moja tu. Ilikuja kwa pipa, kwa kibali, na ukiikosa leo unangoja mpaka litakapokuja pipa jingine. Hakuna aliyeuliza ni oili ya namna gani. Ukiipata unashukuru. Magari yenyewe yalikuwa malori na Landrova zilizochoka, na baba yako alikuwa na msemo wake aliomwambia kila dereva: iwe nzito, iwe nyeusi, injini itanyamaza. Kwa magari yale alikuwa sawa. Alikufa siku za ruksa, biashara ilipofunguliwa, zikiwa ndiyo kwanza zinaanza. Nilipotoka eda nikakuta Gerezani nyingine. Magari ya mitumba kutoka Japani yalikuwa yanateremshwa bandarini kila wiki, na maduka yamejaa makopo ya oili ya kila rangi, yenye namba na herufi ambazo hakuna aliyetueleza maana yake. Mimi nilijua kupika na kushona. Nikafungua duka kwa sababu tulikuwa tunataka kula.

Wanaume wa hapa walikuja kunipima. Mmoja aliniuliza oili ya giaboksi na ya injini zina tofauti gani, na wenzake wamesimama nyuma yake wanangoja kucheka. Kwa bahati hilo nililijua. Lakini nilijifunza siku ile kwamba mwanamke wa Gerezani akisema "sijui" mara moja tu, kesho wateja wake wote wako duka la jirani. Basi sikusema tena. Mtu akiniuliza nisilolijua, nilimtazama usoni nikamjibu kwa sauti ya baba yako. Wakaamini. Baada ya mwaka na mimi nikaanza kuamini.

Aliyenisimamisha kweli alikuwa Mzee Manu. Wewe ulimjua kama mzee wa Kihindi wa duka la vifaa vya cherehani kule Kariakoo, anayekupa vifungo vya rangi ukipita. Mimi nilimjua kama mteja wa kwanza aliyekuja kwa miguu yake bila kunipima. Alikuwa na kigari kizee cha kupelekea mizigo, akanunua oili, na akasema mbele ya mafundi waliokuwepo, "Mimi oili yangu nanunua kwa Mama Rukia." Ni hilo tu. Mtu wa heshima yake, aliyezaliwa Kariakoo na baba yake kazaliwa Kariakoo, akilisema jambo kama hilo hadharani, linafanya kazi. Mafundi wakaanza kuleta watu.

Ulipokuwa darasa la tano akanunua gari dogo jeupe la mtumba. Alikuja nalo Jumamosi asubuhi, amelifuta mpaka linang'aa, na kabla hajanisalimia vizuri akafungua boneti. Ilikuwa injini nzuri, ndogo, imebanana, na ina tabo, kile kifeni cha kuiongezea nguvu. Sikuwa nimewahi kuona injini kama ile kwa karibu.

"Mama Rukia," akaniambia, "mimi najua sindano na nyuzi. Hii niambie wewe. Niweke oili gani?"

Ndani ya gari mlikuwa na kitabu chake, kimeandikwa Kijapani. Tulikifungua pamoja juu ya kaunta hii, tukacheka zile herufi zilizosimama kama vijiti vya kiberiti. Sasa sikiliza, maana hapa ndipo penyewe. Kwenye ukurasa mmoja kulikuwa na picha ya kikopo cha oili, na pembeni yake namba. Namba hazikuwa za Kijapani. Zilikuwa namba hizi hizi zetu: kumi, kisha herufi W, kisha thelathini. Niliziona. Nikaelewa kwamba ndilo jibu la swali lake, na kwamba mimi sijui maana ya kumi kufuatana na thelathini, na kwenye duka langu sina kopo lenye namba hizo. Nikakifunga kitabu.

"Hicho ni cha Japani," nikamwambia. "Kule kuna barafu. Hapa Dar, oili nyepesi inakuwa maji. Weka hamsini, nzito. Na uzuri wake inadumu, huna haja ya kuimwaga haraka."

Niliichota kwenye pipa la baba yako, lile lililokuwa limebaki. Mzee Manu alinishukuru kwa mikono miwili.

Miezi ilipita. Gari lilikuwa linatoka Kariakoo kwenda Posta na kurudi, safari za dakika chache, halina shida yoyote. Kila Jumamosi alipita dukani kunijulia hali na kuniambia linavyokwenda. Halafu wakala mmoja wa oili akatualika wauzaji wa Gerezani kwenye semina ya siku moja kule Posta. Nilikwenda kwa ajili ya pilau, sikufichi. Kijana mwenye tai alisimama mbele na ubao, akaanza kutueleza zile namba. Namba ya kwanza, yenye W, ni jinsi oili inavyotiririka injini ikiwa ya baridi. Ya pili ni jinsi inavyobaki na uzito ikiwa ya moto. Mzee mmoja nyuma yangu akasema, "Kijana, Dar baridi iko wapi?" na ukumbi mzima ukacheka, na mimi nikacheka.

Yule kijana hakukasirika. Akasema injini iliyolala usiku kucha ni ya baridi hata Dar, ukilinganisha na joto lake ikifanya kazi, na oili nzito inachelewa kupanda juu. Injini mpya zimebana, njia za oili ndani yake ni nyembamba. Kisha akaja kwenye herufi. Akasema namba zinaeleza uzito tu. Ubora unaandikwa kwa herufi, na oili za zamani hazina dawa ya kusafisha uchafu. Ukiiweka oili ya zamani kwenye injini mpya, hasa yenye tabo, lile joto linaiunguza inakuwa kama lami. Gari litatembea mjini vizuri tu. Siku utakayolikimbiza safari ndefu ndiyo siku litakapokwama. "Usimsikilize jirani," akasema, "fungua kitabu cha gari. Aliyeitengeneza ile injini ameshakuandikia."

Niliandika yote hayo. Mkono ulikuwa unaandika na mimi nilikuwa naona gari jeupe. Niliporudi dukani nikachutama mbele ya pipa la baba yako na kutafuta herufi. Zilikuwepo, zimefutika nusu. Zilikuwa zile alizosema yule kijana ni za injini zisizotengenezwa tena.

Rukia, kutoka siku ile ya semina mpaka siku ya balaa zilipita wiki tatu. Maneno manne yalitosha: mwaga hiyo oili, nilikosea. Angecheka, angeimwaga, tungeweka nyingine, na leo nisingekuwa na barua ya kukuandikia. Jumamosi ya kwanza alikuja na rafiki zake wawili. Nikajiambia si vizuri mbele za watu. Jumamosi ya pili alikuja peke yake na nilikuwa nimejiandaa, lakini kabla sijafungua mdomo alinipa habari kwamba amemwelekeza mtu mwingine kwangu, mfanyabiashara wa Msimbazi, na amemwambia, "Mama yule anajua oili kuliko fundi." Alisema kwa furaha. Mimi nikayala yale maneno, Rukia. Nikayala na yakaniingia kama chakula. Jumamosi ya tatu sikufungua duka. Ulikuwa nyumbani, labda unakumbuka, nilisema nina homa, ukanipikia uji.

Jumanne yake, asubuhi saa tatu, Mzee Manu alipigiwa simu kutoka Morogoro. Mdogo wake, Kanti, amefariki alfajiri. Walikuwa wawili tu kwa baba na mama. Kanti hakuwa na mtoto, na kwa desturi yao maiti huchomwa moto, na anayeuwasha ni mtoto wa kiume, na asipokuwepo ni ndugu. Tena huwa hawakai na maiti, jua halitui. Kanti alipokuwa anaumwa alimwambia kaka yake, "Moto utawasha wewe, usimwachie mtu." Hayo nilikuja kuyajua baadaye kutoka kwa mke wa Mzee Manu, Mama Jyoti.

Wangeweza kupanda basi. Lakini gari lilikuwepo na gari ni haraka. Walitoka saa nne, yeye na mkewe, na alilikimbiza. Wamepita Chalinze, taa nyekundu ya oili ikawaka. Hakujua maana yake. Nani angemwambia? Akaendelea. Haikupita robo saa injini ikaanza kugonga, kisha ikakamata, haizunguki tena, gari likasimama lenyewe katikati ya pori. Mabasi yalipita yamejaa. Walisimama juani mpaka saa nane, ndipo lori la vitunguu likawachukua, na lori lile nalo lilikuwa linapanda kila kilima kwa kutambaa. Kule Morogoro waliwasubiri mpaka kuhani wao akasema haiwezekani tena. Moto uliwashwa na jirani, mtoto wa watu, muuza vyombo. Mzee Manu alifika akiwa hana tena mdogo wa kumtazama. Mama Jyoti alisema hakulia. Alivua viatu akakaa chini pale pale, na vumbi la safari mwilini.

Gari lilivutwa likaletwa hapa Gerezani, gereji ya fundi Athumani, milango mitatu kutoka kwangu. Nilisikia limekuja. Nikakaa. Mchana nikaenda, kwa sababu kutokwenda kungeonekana. Athumani alikuwa ameshafungua sampo, lile bakuli la chini linalokaa oili. Halikuwa na oili tena. Lilikuwa na tope jeusi, zito, analikwangua kwa bisibisi na linatoka vipande. Chujio limeziba lote. Alinionyesha kipande kwenye kiganja chake.

"Mama Rukia, hii oili alinunua kwako?"

Nikamwambia, "Watu siku hizi wananunua kila mahali."

Ndivyo nilivyosema. Sikusema hapana. Nilipata njia ya kusema uongo bila kuutamka, na nilijiona nina akili. Athumani alinitazama kidogo, akajifuta mkono kwenye suruali. Mzee Manu alipokuja jioni fundi akamwambia, "Mitumba hii, mzee. Ni bahati. Unaweza kupata zima, unaweza kupata bovu." Mzee Manu akaitikia kwa kichwa. Akapita dukani kwangu kunisalimia. Nikampa pole ya msiba, akasema ahsante, Mama Rukia, ni mipango ya Mungu.

Gari lile hakulitengeneza. Aliliuza kwa vipuri na hakununua jingine. Wewe uliniuliza siku moja, tunakula, kwa nini Mzee Manu siku hizi anatembea kwa miguu, nikakwambia wazee wanapenda mazoezi.

Na aliendelea kuja, Rukia. Jumamosi, kwa miguu, hana gari wala haja ya oili, anakuja kunijulia hali. Alikuuliza masomo yako. Ulipofaulu kwenda sekondari alikuletea kitambaa cha sare. Kila alipokuja nilisema moyoni, leo namwambia. Wiki ikawa mwezi, mwezi ukawa mwaka, na kadiri siku zilivyozidi ndivyo nilivyozidi kuona nimechelewa mno. Hakuna siku niliyoamua kumficha. Nilichofanya kila Jumamosi ni kuahirisha, mpaka ikafika miaka sita.

Ulipokuwa kidato cha nne wakaamua kuhama, waende kwa mtoto wao ng'ambo. Macho yalikuwa yamempungua na duka lilikuwa limezidiwa na wachuuzi wa barabarani. Siku mbili kabla hawajaondoka nilikwenda kwao, kule ghorofani nyuma ya soko. Nilijiambia siwezi kumwacha mtu yule aondoke bila kujua. Nilivaa vizuri. Njiani nilijihisi mwema, na hilo ndilo linalonitia aibu kuliko mengine yote.

Mama Jyoti alikwenda jikoni kuweka chai. Mzee Manu alikuwa amekaa kwenye sanduku lililofungwa, anafungua fundo la kamba. Nikamwambia yote, kuanzia zile namba kwenye kitabu. Hakunikatiza. Nilipomaliza akaendelea na fundo lake kwanza.

"Semina ilikuwa kabla Kanti hajafa?" akauliza.

"Kabla. Wiki tatu."

"Na mimi nilipita dukani."

"Ulipita."

Akaliacha fundo. "Kwa nini umekuja kuniambia leo, Mama Rukia?"

"Nilitaka uujue ukweli kabla hujaondoka."

"Hapana," akasema. Hakupaza sauti. Ungemsikia ungedhani tunazungumza habari za nyuzi. "Ulitaka upumzike. Umebeba, umechoka, ukaona mzee anaondoka, umpe abebe yeye."

Nikalitazama lile fundo aliloliacha.

"Mimi miaka sita nilisema ni Mungu," akasema. "Nilimkasirikia sana. Mke wangu anajua. Mwaka mzima sikuingia hekaluni. Halafu nikazoea, tukapatana, mimi na yeye. La Mungu mtu analizoea. Sasa umeniletea la mtu. Tena wewe. Mimi ni mzee, ndege yangu ni keshokutwa. Nianze kukukasirikia saa ngapi, na nimalize saa ngapi?"

Mama Jyoti akaingia na chai ya tangawizi na sahani ya vitumbua. Mzee Manu akamwambia, "Mama Rukia amekuja kutuaga," na akanisogezea sukari. Tulikunywa chai. Mama Jyoti alisema habari za hali ya hewa ya huko waendako. Nilipoinuka Mzee Manu akanisindikiza mpaka kwenye ngazi kama alivyomsindikiza kila mgeni wake, akasimama pale, mikono nyuma. Hakunipa mkono. Nilishuka ngazi zote nikijua yuko pale juu, na nilipofika chini sikusikia mlango kufungwa.

Siku ya safari yao ulikwenda kuwaaga wewe, mimi nikasema nina mteja. Ulirudi na mkasi aliokupa, ule wa kukatia vitambaa. Nilikuuliza kama amenitumia salamu. Ukasema, "Labda alisahau, Mama, kulikuwa na watu wengi." Mzee Manu hakuwa mtu wa kusahau salamu. Nilimwandikia mara mbili kwa anwani aliyotuachia. Sijui kama alizifungua. Sijui kama yu hai. Ulikuwa unadhani nimenuna kwa sababu wamehama. Miaka minne sasa umekuwa unaniona nimenuna, na mara nyingine ulinigombeza kwa hilo, nami nikakuacha unigombeze.

Leo hii, nikiwa kwenye ukurasa wa pili wa barua hii, aliingia mtu na gari jipya jipya, la kisasa hasa, ameliacha mbele ya mlango linanguruma. Akaniuliza aweke oili gani. Nikamwambia, "Sijui, mwanangu. Leta kitabu cha gari tusome." Akasema kitabu hakuna, alilinunua bila kitabu. Nikamwambia basi aangalie kwenye kifuniko cha injini, wakati mwingine wameandika, na kama hakuna aende kwa wakala aulize. Alinitazama kama mtu aliyeingia msikitini akakuta baa. "Mama, unauza oili na hujui oili?" Akaenda duka la jirani. Nimewaona wakimpa kopo ninalolijua, limejazwa tena uani kwa oili chafu iliyochujwa kwa kitambaa, kifuniko kimebandikwa upya. Alilipokea kwa furaha. Nilinyanyuka kumwambia, nikafika mlangoni, gari likawa limeshaondoka. Ndivyo ninavyoishi siku hizi. Nasema sijui, na wateja wanaondoka. Usidhani nimekuwa mtu mzuri. Nimekuwa mtu mwoga wa namna nyingine, na duka hili sidhani litavuka mwaka.

Kwa hiyo nisikudanganye kwamba ukisema kweli mambo yatakaa sawa. Sijaona yakikaa sawa. Utakapokuwa kwenye lile dirisha, watu watakuamini kwa sababu tu umevaa koti jeupe, na utaipenda ile hali ya kuaminiwa. Ni tamu. Mtu atakuuliza kidonge hiki na kile vinakwenda pamoja, na nyuma yake kuna foleni, na jibu hulijui, na kitabu kiko rafu ya juu. Kipande kile cha muda, kabla hujafungua mdomo, ndicho nilichopewa mimi juu ya kaunta hii, kitabu kikiwa wazi mbele yangu. Na ukishakosea, ukagundua umekosea, umkimbilie siku ile ile, hata kama ameshafika stendi, hata kama watu wanakutazama. Kesho yake bado inafaa kidogo. Baada ya hapo sijui inamfaa nani.

Nimejiuliza tangu mchana kama hiki ninachokufanyia si kile kile nilichomfanyia Mzee Manu. Wewe unaanza kazi, una furaha yako, na mimi nakutilia hili kwenye begi. Nadhani ndiyo, ni kile kile. Nilitaka kuichana barua hii. Lakini wewe unakwenda kusimama mahali nilipokuwa nimesimama mimi, na sina mtu mwingine, na sina kitu kingine ninachokijua vizuri kama hiki. Usiniandikie kunisamehe. Si wewe niliyekukosea, na huwezi kumsamehea mtu mwingine. Usiniandikie lolote juu ya hili. Niandikie huko mnakula nini, na kama mvua zimeanza.

Adhana ya magharibi imeanza, nafunga duka. Kesho stendi shangazi zako watakushika mkono, watakwambia uende ukawe kama mama yako, mwanamke aliyesimama peke yake kati ya wanaume wa Gerezani na hakuyumba. Usiwabishie, ni wakubwa zako. Waitikie kwa adabu, upande basi, uende.

Mama yako